Niliyoyasema Nchi Kavu

Katika ukoo wa baba yangu, mahali pa samaki hapatajwi na mtu aliyekanyaga ardhi. Panatajwa ndani ya mtumbwi, maji yakiwa pande zote, na anayefundishwa hutumbukiza mkono ziwani akarudia maneno mara tatu kabla ya kuutoa. Babu aliwafundisha hivyo wanawe wawili, upande wa Kongo wa Ziwa Tanganyika. Mkubwa alibaki na mtumbwi. Mdogo, ambaye ndiye baba yangu, papa kama tunavyomwita, alikimbia vita pamoja na mama, akaishi kambini miaka mingi, kisha akaletwa Louisville, Kentucky. Huko anafunga maboksi kwenye ghala, na jioni anarudi nyumbani akinuka gundi.

Niliivunja kanuni hiyo. Kama ingekuwa bahati mbaya, ningeweza kuisimulia hata kanisani, watu wakaguna kwa huruma. Sikuteleza. Niliivunja nikiwa nimekaa vizuri kwenye kochi, chai mkononi, nikijiona mtu mwema.

Alama zenyewe za kupatia mahali hapo sitazisema hapa. Nitaeleza tu zinavyofanya kazi, kwa mfano wa Louisville, kama papa alivyonieleza nikiwa na miaka kumi na miwili. Tulikuwa tumesimama kando ya Mto Ohio, Jumamosi, yeye na sweta ya msaada iliyompwaya mabegani. Alinionyesha mnara wa kanisa ng'ambo ya mto. Akaniambia nitembee ukingoni mpaka mnara ujifiche nyuma ya nguzo ya pili ya daraja. Nilitembea, ukajificha. Sasa angalia upande mwingine, akasema, utafute tangi la maji na bomba la moshi la kiwanda, uone kama yamesimama pamoja. Hayakuwa pamoja. Basi bado hujafika, akasema. Mstari mmoja unakuonyesha njia tu, na mahali ni pale mistari miwili inapokatana. Kule ziwani wao walitumia milima, paa la misheni, mwamba, mdomo wa bonde. Ukisogea vizuri mpaka vyote vikae sawa, chini yako kuna kilima cha mawe ambacho hakuna anayekiona.

Juu ya vilima hivyo anaishi kuhe, samaki mkubwa wa manjano ambaye baba na mama hulinda watoto wao pamoja. Wakati wa kulinda hawali, lakini hushambulia chochote kinachosogea, hata ndoana tupu. Kuwavua miezi hiyo ni kama kuokota. Ndiyo maana babu alikataza mtu asiende huko katika miezi hiyo, na ndiyo maana hakutaka mahali pajulikane. Nilikuwa nayajua haya yote. Sina pa kujifichia.

Nilisoma chuo Amherst, pembeni ya Buffalo, na papa alikuja nilipohitimu mwezi wa tano. Nilikuwa na rafiki pale, mhandisi, Mtanzania aliyezaliwa Kigoma, yaani ng'ambo ya ziwa lilelile. Alikuwa na boti ndogo ya injini, na alipopata habari kwamba papa alikuwa mvuvi, akasema lazima tumpeleke Ziwa Erie.

"Shikamoo, mzee," alimwambia pale gatini.

"Marahaba," papa akajibu kwa kusitasita, maana kwetu salamu hiyo si ya kila siku.

"Kumbe nyie wa ng'ambo ndio mlikuwa mnatuibia migebuka yetu."

"Samaki yenu?" papa akasema. "Ilikuwa na kitambulisho?"

Wakapendana papo hapo. Mhandisi alisema mgebuka, papa akasema mukeke, wakabishana nusu saa kuhusu samaki mmoja kama vile yupo sahanini. Mji ulipokuwa mdogo nyuma yetu, mhandisi aliwasha kifaa chake. Kilikuwa kioo kama cha simu kubwa, kimefungwa karibu na usukani, na juu yake sakafu ya ziwa ilipita kama uzi mnene mwekundu. Palipokuwa na mwamba, uzi ulipanda. Samaki walionekana kama kucha zilizokatwa.

Papa aliinama mpaka paji la uso likakaribia kukigusa kile kioo.

"Donc, basi, kila mutu mwenye hii kioo anajua?" aliuliza mwishowe.

"Kila mtu, mzee. Hata mimi nisiyejua kuvua."

Papa aliketi. Nilidhani ameudhika. Alitazama ufuko, akatazama maji, halafu akaacha Kiswahili na kunisemesha Kibembe, lugha ya nyumbani, ili mwenye boti asisikie. Aliniambia nitie mkono majini. Ziwa Erie mwezi wa tano bado lina barafu moyoni. Mkono uliuma, kisha ukafa ganzi, na papa akaanza kupataja mahali patatu pa babu, polepole, kila alama na mwenzake, nami nikarudia. Mara ya kwanza. Mara ya pili.

"Mnanisengenya nini huko?" mhandisi akauliza bila kugeuka.

"Tunapanga mahari yako," papa akamjibu. "Ng'ombe zimeongezeka sasa hivi."

Mara ya tatu nilirudia huku nikicheka na meno yakigongana. Nilipoutoa mkono ulikuwa mwekundu, papa akaukausha kwa shati lake mwenyewe. Mimi nina jina la mama yake, ndiyo maana huniita mama. Akaniambia kwamba kaka yake macho yameingia ukungu, watoto wa kaka yake wanavua kwa haraka na kelele, na wadogo zangu wa kiume wanamjibu kwa Kiingereza hata akiuliza chumvi iko wapi. Mimi nilikuwa nakumbuka mambo. Siku moja yeye au mimi tungerudi, tungeingia mtumbwini na watoto wa kaka yake, tungewaambia palepale.

"Mama, hii ni ya ndani ya maji," alisema. "Ukitoka, unaiacha humu."

Nikasema ndiyo. Hakuna mwanamke kwenye ukoo wetu aliyewahi kuambiwa. Nilijua hilo, nililifurahia mno, na nadhani kosa lilianzia pale, ndani ya furaha ile.

Baadaye nilipata kazi Columbus, ya ukalimani kliniki, nikapanga nyumba ndogo Gahanna. Ndege hushuka chini sana pale kwetu, vikombe hutetemeka kabatini. Mchana nilikuwa mdomo wa watu wengine. Nilisema maumivu yao, presha yao, aibu zao, kisha nikarudi kuandika riwaya ambayo ilikuwa, bila shaka, kuhusu ziwa nililoliacha nikiwa na miaka mitatu.

Mwezi wa tisa, kaka yangu, mtoto mkubwa wa baba mkubwa, alinitumia ujumbe wa sauti. Yeye na wadogo zake walikuwa wamempeleka mzee, baba yao, ziwani awaonyeshe mahali. Wamenunua injini, kila mmoja ana simu, lakini mahali hawapajui. Mzee aliagiza kulia, akaagiza kushoto, akauliza paa liko wapi, wakamwambia, akauliza mlima uko wapi, wakamwambia, lakini pengo lenyewe kati ya alama hakuliona, na wao hawakujua analitafuta pengo gani. Wamezunguka kwa muda wa saa tano. Mwishoni mzee alilia. Kaka aliomba nimwombe papa aseme.

Nilimpigia papa. Aliguna, akasema hapana. Nikamwambia kaka yake analia. Akasema amesikia.

"Si useme tu kwa simu?"

"Simu iko nchi kavu," papa akasema.

Jumamosi iliyofuata nilifungua ramani kwenye kompyuta, ile iliyopigwa kutoka angani. Nilitaka kuona tu. Niliufuata ufuko wa magharibi mpaka nikakuta paa la misheni, sasa lina mabati ya buluu. Mlima ulikuwa pale. Mwamba ulikuwa pale, mdogo kama punje ya mchele. Nilivuta mstari, nikavuta wa pili, ukakatana na wa kwanza juu ya maji matupu, nikasisimka mwili mzima. Nikafanya hivyo mara tatu. Palikuwa na nukta tatu nyekundu juu ya ziwa.

Ningeweza kumtumia kaka peke yake. Hata hilo lingekuwa kosa, lakini lingekuwa kosa la mtu aliyehurumia mzee. Mimi niliziweka kwenye kundi la ukoo.

Kundi lile lina watu wengi kuliko ukoo wenyewe. Kuna mashemeji, majirani wa zamani wa kambini, watu wa Louisville, watu wa Bujumbura, watu ambao hakuna anayekumbuka nani aliwaingiza. Wanaume huzungumzia ziwa, mwanamke akichangia wanamtumia picha ya maua. Niliwahi kuweka humo hadithi yangu ya kwanza kuchapishwa, nikapata dole gumba moja, la mama. Basi niliweka nukta zangu tatu, na chini yake nikaandika: Haya ndiyo macho ya baba mkubwa. Nimeyarudisha.

Niliihariri sentensi hiyo mara nne. Kwanza niliandika "ninayarudisha".

Walishangilia. Mioyo, mikono inayopiga makofi, msomi wetu, binti wa ziwa. Niliyasoma nikitembea jikoni, na ndege ilipopita sikuisikia. Kisha nikaenda kazini, maana Jumamosi ile nilikuwa na zamu ya mchana, simu ikabaki kwenye mkoba. Nilipoitoa nilikuta kaka ameniandikia faraghani: Dada, futa hiyo. Kuna watu humu. Alikuwa ameiandika muda wa saa nne kabla ya hapo. Nilifuta. Kila aliyekuwa anazihitaji alikuwa ameshazihifadhi.

Papa hakujua. Yeye kundi hulisikia kwa mama tu, na mama wiki ile alikuwa na zamu za asubuhi kwa bibi kizee anayemhudumia. Nami sikumwambia. Nilijiambia kwamba pengine hakuna kitakachotokea, ziwa ni kubwa.

Kilitokea mwanzoni mwa mwezi wa kumi na moja, wakati kuhe wanalinda watoto. Kaka alinieleza kwa sauti iliyochoka. Zilikuja boti kutoka vijiji ambavyo watu wake hawajawahi kuvua upande ule, simu zimefungwa kwenye mifuko ya nailoni, zikaenda moja kwa moja kwenye nukta. Wengine walishusha nyavu. Wengine walizamia na mikuki, maana kuhe mwenye watoto hakimbii. Walitoka na samaki wa kujaza boti, matumbo matupu, wakawaacha wale kuhe wadogo wakizunguka bila mlinzi. Kwa siku tisa. Kisha hakukuwa na kitu cha kufuata.

Jumapili iliyofuata habari hizo nilikuwa Louisville kwa likizo. Tulikuwa tumetoka kanisani, mama amepakua ugali na sombe, majani ya muhogo, mimi nimeshika sahani mbili. Simu ya papa iliita. Baba mkubwa humpigia kila Jumapili saa ileile, tangu tulipofika nchi hii, na mdogo hampigii mkubwa, husubiri kupigiwa. Siku hiyo yote kwa papa ilikuwa imejengwa kuzunguka simu ile. Alishaoga, alishavaa shati, alishaweka sauti ya nje ili mama naye asalimie.

Baba mkubwa hakusalimia.

"Ni wewe ulisema nchi kavu?"

Papa alifungua mdomo kusema hapana. Nilimwona. Halafu akageuka akanitazama mimi, na sahani zangu mbili, na uso wangu. Sijui uso ulikuwaje. Aliusoma kwa muda mfupi sana.

"Ni mimi," alisema.

Upande wa pili simu ilikatwa. Papa aliirudisha mezani, kioo chini. Mama alituangalia wote wawili, akasema chakula kinapoa. Nami niliweka sahani mezani, nikaketi, nikala. Hilo ndilo ninaloliona hata sasa nikifumba macho. Nukta nyekundu siku hizi naweza kuzitazama. Ninachoshindwa kukitazama ni ule mkono wangu ukikata ugali, wakati mwanaume wa miaka sitini na tatu ameketi mbele yangu na kosa langu begani.

Nilirudi Columbus. Jumapili iliyofuata mama aliniambia kwamba papa alioga, akavaa shati, akaketi na simu, na haikuita. Na iliyofuata. Kazini walimsema kwa kufunga maboksi ovyo, jambo ambalo halikuwahi kutokea. Mama hakunigombeza. Aliuliza tu, katikati ya habari za bei ya mchele:

"Wewe mwenye maneno mengi hivi, siku ile yalienda wapi?"

Nikamwambia namwandikia baba mkubwa barua. Kweli nilikuwa naiandika. Ilikuwa na kurasa tatu, na ilikuwa nzuri, na nilikuwa nimeanza kupenda ukurasa wa pili. Mama alicheka kicheko kifupi kisicho na furaha. Baba mkubwa haoni, alinikumbusha. Nani atamsomea, wale wale waliomsomea ile ya kwanza?

Jumapili ya kumi bila simu niliendesha gari hadi Louisville. Nilimkuta papa ameketi, shati limepigwa pasi, simu mezani. Nilipita jikoni nikampigia kaka, nikamwomba amshikie baba yake simu. Nilirudi nikaketi karibu na papa ili asikie, nikaweka sauti ya nje. Kuku walikuwa wanalia kule. Nilisikia mzee akiuliza ni nani, na kaka akimwambia.

"Papa mukubwa, ni mimi nilisema," nikasema. "Papa hakusema. Alinipa ndani ya maji, mimi nikaitoa."

Papa alitazama mikono yake.

"Hiyo najua," baba mkubwa akasema. "Mudogo yangu hata simu anafunguliwaga na muke yake. Ataweka alama namna gani?"

Nilimuuliza kwa nini basi amemwadhibu papa Jumapili kumi. Sauti ilinitoka kwa ukali kuliko nilivyostahili kuwa nao.

"Kwani aliongopa? Asingekupa, ungekuwa na nini ya kusema?" Akakohoa. "Na ile uliandika chini yake. Walinisomea. Eti umenirudishia macho."

Niliisogeza simu katikati ya meza.

"Nani alikuambia niliyaomba?" akauliza. "Nililia siku ile, ndiyo. Mutu analia ziwani, anarudi, anakula, analala. Ile ilikuwa kilio yangu. Wewe ukaichukua."

Papa alinyanyua mkono kidogo kutoka mezani, kama mtu anayetaka kumzuia mwingine asiendelee, kisha akaurudisha. Baba mkubwa alikuwa ameshafika alikotaka kufika. Akaniambia niseme kwenye kundi, kwa sauti yangu, watu wote wasikie ni nani. Nisirembe. Nikitumia maneno ya kitabu atamwambia kaka azime simu. Akakata.

Nilirekodi palepale, papa akisikia. Nilisema kwamba ni mimi niliyetaja mahali pa ukoo nikiwa nchi kavu, kwamba papa hakusema, na kwamba nilipaweka kwenye kundi kwa sababu nilitaka kusifiwa. Nilitaka kuongeza jambo kuhusu huruma. Nikaacha. Ilikuwa sekunde kumi na tatu. Ndiyo kazi fupi kuliko zote nilizowahi kuzitoa, na wote walioona nukta zangu waliisikiliza na hii, kwa sababu alama za buluu za waliosikiliza zilijitokeza moja baada ya nyingine hadi jioni. Hakuna aliyejibu. Hata mama hakuweka dole.

Nilibaki Louisville hadi Jumapili iliyofuata. Saa ya simu ilipokaribia niliona mama anaosha vyombo vilivyokwisha kuoshwa. Iliita. Papa aliipokea kwa mikono miwili. Nilisikia "Yaya," jina analomwita kaka yake, na baada ya hapo hakuna kitu, kwa sababu aliondoa sauti ya nje, akaibana simu sikioni, akafungua mlango wa kioo, akatoka kibarazani kwenye baridi ya mwezi wa kwanza.

Walizungumza sana. Nilimwona kupitia kioo akicheka, mvuke ukimtoka mdomoni. Nilimwona akinyoosha mkono mmoja mbele yake, akaupeleka kidogo kushoto, akausimamisha, akapeleka na shingo. Alikuwa anamwelekeza mtu asiyemwona juu ya kitu ambacho hakuna kati yao ambaye angekiona tena. Labda walikuwa wanatafuta mahali pengine. Labda wanakumbuka tu.

Theluji nyepesi ilianza kuanguka, na papa alikuwa na shati peke yake. Mama aliniambia nimpelekee koti. Nilifungua mlango taratibu. Alinisikia, akanyamaza katikati ya neno, mkono ukashuka. Alilipokea koti, akanishukuru kwa upole, akaniita mama kama siku zote. Kisha akasimama pale, simu kifuani, ameifunika kwa kiganja, akisubiri nirudi ndani na kufunga mlango.